Sanje kwa mtu wa Mwanza: viatu, saa na maji

Kikundi cha Mwanza kikianza kupanga safari ya maporomoko ya Sanje, mtu wa kwanza kuzungumza hutaja sweta. Ni milimani, kuna msitu, kuna mvua, basi lazima baridi ipo. Sweta libaki la kuvaa kwenye basi usiku. Uso wa Ziwa Victoria uko mita 1,134 juu ya usawa wa bahari, wakati njia ya Sanje inaanzia ukingoni mwa bonde la Kilombero, karibu mita 300 tu. Hata ukifika juu kabisa ya maporomoko bado uko chini kuliko ulivyokuwa ukinywa chai Kirumba, Mwanza. Bondeni hakuna ule upepo wa ziwa wa alasiri, na ndani ya msitu jasho halikauki mwilini. Matatizo mengi yanayojirudia kwa vikundi vya kutoka kwetu yanaanzia hapo: watu wanajiandaa kwa baridi na mwinuko, halafu kinachowatesa ni unyevu.

Maporomoko yenyewe yako ndani ya Hifadhi ya Taifa ya Milima ya Udzungwa, mkoani Morogoro, iliyoanzishwa mwaka 1992 ikiwa na eneo la kilomita za mraba 1,990. Maji yanashuka mita 170 kwa ngazi tatu, na mzunguko wa kawaida wa kuyatembelea huchukua kama saa 4 kwa watu wenye mwendo wa wastani. Kikundi chenye watoto au watu wazito kihesabu saa 5 hadi 6. Hakuna barabara ya gari ndani ya hifadhi hii, kila kitu ni kwa miguu. Anayetegemea kwamba "tukichoka tutachukua boda" ajue mapema kuwa boda inaishia getini.

Mwezi tunaoupendekeza ni Juni au Julai. Masika imekwisha, maji bado ni mengi, na njia imeanza kukauka. Machi na Aprili maporomoko yana nguvu ya kutisha, lakini njia ni tope na ukungu unaweza kufunika kila kitu. Umesafiri zaidi ya kilomita 1,000 na unachokiona ni weupe mtupu, huku maji unayasikia tu. Wengine hukasirika kweli, hasa waliochangishwa kwa maneno mazuri. Septemba na Oktoba njia ni kavu zaidi, ila maji hupungua, na msimu wa kuvuna miwa huwa umepamba moto. Moshi wa mashamba yanayochomwa unaweza kuziba mandhari ya bonde, nayo ndiyo nusu ya sababu ya kupanda.

Kwa upande wa fedha, nauli ndiyo inayokula fungu kubwa, si kiingilio. Basi la kutoka stendi ya Nyegezi, Mwanza, kwenda Dar es Salaam hupita Shinyanga, Nzega, Singida na Dodoma, na unashuka Msamvu, Morogoro. Ni safari ya mchana kutwa au usiku kucha, na kupanda mlima siku unayofika ni kujitafutia balaa. Wenye uwezo hukata safari Dodoma, wakalala, kisha asubuhi wakachukua treni ya SGR hadi Morogoro. Unaongeza gharama ya chumba, lakini unafika na miguu ambayo haijavimba. Stesheni ya Morogoro haiko Msamvu, kwa hiyo tenga nauli ya bajaji. Msamvu unatafuta basi la Ifakara, ambalo hukatisha katikati ya Hifadhi ya Mikumi (macho dirishani, twiga na tembo hawatozi), linakata kushoto Mikumi mjini, linapita Kidatu kwenye bwawa la umeme na kiwanda cha sukari, kisha linafika Mang'ula. Kipande cha kuanzia Kidatu, ambacho zamani kilikuwa vumbi na mashimo, sasa ni lami.

Lala Mang'ula, kwa sababu makao makuu ya hifadhi yako hapo na shughuli zote za kujiandikisha na kupanga mwongozaji unazimaliza jioni. Malipo ya hifadhi ni kwa namba ya malipo ya serikali, kwa simu au benki, na askari wa getini hapokei noti mkononi. Hili linasumbua vikundi kwa namna moja: mweka hazina amebeba fedha taslimu, wakala wa karibu hana salio la kutosha, na saa moja nzima ya asubuhi inapotea watu wakiwa wamesimama na mabegi mgongoni. Fedha ziingie kwenye simu mkiwa bado Morogoro mjini. Weka na akiba kidogo kwa makato. Kila Mtanzania abebe kitambulisho cha taifa, maana bei ya mwananchi na ya mgeni zimepishana sana. Uliza pia mapema ada ya mwongozaji inahesabiwaje, kwa kichwa au kwa kikundi, kabla hamjagawana mchango. Mwongozaji ni lazima, na pamoja na ada yake kikundi kijadili takrima tangu Mwanza, si mwisho wa safari ambapo kila mtu ghafla anaangalia viatu vyake.

Na tukiwa kwenye viatu, hapa tukae kidogo.

Sisi wa Mwanza tumekulia kwenye mawe. Mtoto wa Mabatini au Igogo anapanda na kushuka majabali kila siku akienda shule, tena na ndala. Tatizo ni kwamba jabali letu la granaiti likiwa kavu lina chembechembe zinazokamata soli kama msasa, na miguu imejifunza kuliamini. Jiwe la Sanje liko kivulini, linamwagiwa mvuke wa maporomoko mchana na usiku, na limevaa ukoga. Ukoga wa kijani unauona, unajihadhari. Hatari zaidi ni ule mweusi mwembamba usiojulikana kama ni ukoga au ni rangi ya jiwe. Ukiona jiwe moja ni la kijivu na jingine ni jeusi linalong'aa, kanyaga la kijivu hata kama liko mbali kidogo.

Njumu za kuchezea mpira wa miguu, ambazo vijana huzipenda kwa kuamini meno yake, ndizo mbaya kupita zote. Meno yale ya plastiki ngumu hushika nyasi, lakini kwenye jiwe yanateleza. Buti za mvua hujaa maji na hazimkazi mtu kifundo cha mguu. Raba za turubai zenye soli bapa usizijaribu. Kinachofaa ni kiatu chenye soli ya mpira laini, meno ya kina, na kamba inayokaza hadi juu.

Viatu vya namna hiyo vinapatikana mitumbani, Mlango Mmoja kwa mfano, kwa bei nafuu, lakini vina siri yake. Kiatu cha kupandia milima kilichokaa miaka mingi bila kuvaliwa huoza kwa ndani: gundi inakauka, na soli ya katikati iliyotengenezwa kwa povu inavunjika. Kwa macho kinaonekana kipya kabisa. Kabla ya kulipa, kikunje kwa mikono miwili pua ikutane na kisigino, kisha angalia pale soli inapokutana na ngozi. Ukiona ufa mwembamba, rudisha. Bonyeza ubavu wa soli kwa kucha ya kidole gumba. Ikiacha alama isiyorudi, au ikitoa vumbi linalofanana na makombo ya biskuti, rudisha. Ukishanunua, kilowanishe kwenye ndoo usiku mzima, kesho yake tembea nacho saa mbili kikiwa kimelowa. Gundi mbovu itaachia ukiwa Isamilo, ambako fundi yuko karibu, badala ya kukuachia katikati ya msitu. Hata hivyo kila kikundi kibebe mita mbili tatu za kamba ya manila ya kufungia soli iliyong'oka: unaipitisha chini ya upinde wa unyayo na juu ya kifundo, si kwenye vidole, kwa sababu kwenye vidole inakatika baada ya mawe machache.

Soksi ziwe jozi mbili, na suruali iingizwe ndani ya soksi. Si kwa urembo, ni kwa ajili ya siafu. Wakivuka njia, vuka kwa hatua ndefu za haraka. Anayesimama kupiga picha ndiye atakayevua suruali mbele ya wakwe.

Mazoezi tunayoyaona yanafaa ni ya kushuka, si ya kupanda. Kupanda kunachosha pumzi, nayo pumzi inarudi ukikaa. Kushuka kunachosha misuli ya mbele ya paja na magoti, na miguu ikianza kutetemeka mtu hawezi tena kuamua ataiweka wapi. Kwa wiki chache kabla ya safari, beba begi la kilo 5 na ushuke ngazi za mtaani taratibu, hatua fupi, magoti yakiwa yamekunjwa kidogo. Kisiwa cha Saanane nacho ni mahali pazuri pa kujaribu viatu, begi na hata utaratibu wa malipo ya hifadhi, bila kwenda mbali. Kumbuka tu kwamba mawe yake ni makavu, kwa hiyo hayatakufundisha utelezi.

Siku yenyewe, njia inaanzia kijiji cha Sanje, kama kilomita 10 kutoka Mang'ula kurudi upande wa Kidatu. Kuweni pale mapema kadiri mwongozaji atakavyokubali, ikiwezekana muanze kutembea saa 1:30. Sababu ni tatu. Joto la bonde huwa halijapanda. Kima wa Sanje, aliyetambuliwa na wanasayansi mwaka 1979 na ambaye haishi mahali pengine popote duniani nje ya milima hii, hupiga kelele zake asubuhi. Kumwona ni bahati, kumsikia ni rahisi zaidi, lakini kikundi kikiwa kinacheza muziki kwenye spika hakuna la kuona wala la kusikia. Mbega mwekundu yeye hana aibu sana, unaweza kumkuta hata karibu na kijiji.

Sababu ya tatu ni upinde wa mvua. Ukuta huu wa milima unatazama mashariki, kwa hiyo jua la asubuhi linayapiga maji usoni. Upinde unauona ukiwa umeligeuzia jua mgongo, na rangi zinatokea kwenye pembe ya takriban nyuzi 42 kutoka kwenye kivuli cha kichwa chako. Jua likishapanda zaidi ya hapo, yaani baada ya saa 4 hivi kwa Juni na Julai, upinde hauonekani tena mbele yako, unashuka chini ya usawa wa macho. Ukiwa umechelewa, usiutafute juu. Simama ngazi ya juu zaidi, mahali mwongozaji anaporuhusu, na utazame kwenye mvuke ulio chini yako.

Maji ya kunywa: lita 3 kwa mtu mzima, hata anayesema yeye hanywi sana. Chumvi inatoka na jasho, kwa hiyo karanga zenye chumvi, mayai ya kuchemsha, viazi vitamu, ndizi. Dagaa wa kukaanga ni watamu ila harufu yake inawaita nyani mkiwa mmekaa kula. Mifuko laini ya plastiki imepigwa marufuku tangu Juni 2019, kwa hiyo chakula kiwe kwenye vyombo vya mfuniko, na maganda ya mayai yarudi nayo Mang'ula.

Kwenye kupanda hakuna mengi ya kusema. Ni mteremko mkali kwenye udongo na mizizi, unapanda taratibu, unasimama kila baada ya dakika 20, unakunywa kabla ya kiu. Kila mmoja awe na fimbo, na wanaofuatana waachiane nafasi ya urefu wa fimbo hiyo ili anayeteleza asiwazoe walio chini yake. Usishike mti bila kuutazama. Kuna yenye miiba, kuna iliyooza ikabaki gamba, na kuna ambayo siafu wamekwishaichukua.

Ukifika kwenye maji ndipo akili zinapotoka. Watu wamechoka, wana joto, maji ni ya baridi na meupe, kila mtu anataka kuingia. Kwanza muulize mwongozaji ni dimbwi gani linaruhusiwa siku hiyo. Pili, waangalieni wale wanaojiita waogeleaji. Aliyejifunza kuogelea Igombe au Luchelele anajua mawimbi, anajua kupumzika kwa kuelea. Chini ya maporomoko mambo ni tofauti. Maji yanayoanguka yanakwenda chini, yanagonga sakafu, yanapanda na mapovu mbali kidogo, kisha juu yanarudi kule kule yanakoangukia. Kwa hiyo mtu aliyekaa kwenye povu anavutwa kuelekea maporomoko huku akidhani amesimama. Tena maji yaliyojaa mapovu ni mepesi, hayambebi mtu sawasawa na maji ya ziwa. Akinaswa asipigane nayo uso kwa uso, bali aogelee kwa upande, kuelekea ukingo. Bora zaidi asifike huko: baki pembeni, pale ambapo maji ni ya rangi moja na unaiona miguu yako. Usisimame kamwe moja kwa moja chini ya mkondo unaoanguka, kwa sababu hauleti maji peke yake. Vipande vya matawi na mawe huja pia, na kishindo chake hukisikii.

Juu ya ngazi, kwenye ukingo maji yanapojitupa, hapana. Hata hatua moja kwa ajili ya picha. Maji ya kina cha kifundo cha mguu yanatosha kumwondoa mtu kwenye ukoga, na hapo hakuna cha kushika.

Jambo jingine ambalo mtu wa ziwani halijui ni mto kupanda ghafla. Ziwa halijazwi na mvua ya nusu saa. Kijito cha mlimani kinajazwa, tena na mvua ambayo wewe huioni, kwa sababu inanyesha juu nyuma ya miti huku ulipo jua linawaka. Mnapokaa, pachika kijiti ukingoni maji yanapoishia na mtu mmoja awe na kazi ya kukitazama kila robo saa. Kijiti kikiingia majini, ondokeni. Dalili nyingine ni rangi kugeuka kuwa ya chai, majani mabichi na vijiti kuelea, au ngurumo kuwa nzito kuliko mlivyoizoea. Mkiwa mmevuka kijito, rudini upande wa njia kwanza, mabegi baadaye.

Simu huharibika hapa kuliko mahali pengine, na si kwa kuanguka majini. Mvuke huingia kwenye tundu la chaji. Ibebe kwenye kopo la mfuniko wa kukaza, itoe kwa picha chache, ifute lenzi kwa kitambaa kikavu kilichokaa ndani ya kopo. Jioni usiichaji mara moja. Izime, iache tundu likitazama chini mahali penye upepo hadi asubuhi. Habari za kuizika kwenye mchele tumezisikia, na tunaona mchele bora upikwe.

Kushuka ndiko wengi wanakoumia. Ni saa 6 au 7, tumbo limeshiba, viatu vimelowa, hofu imeisha. Kuna mwongozaji aliyemwambia mama mmoja wa kikundi, "Mama, kanyaga kwa ubavu, usitangulize kisigino." Akajibiwa, "Mwanangu, hicho kisigino kimeshatangulia." Maana yake ni hii: geuka kidogo, mguu ukae kwa mapana yake kuukingama mteremko, uzito ubaki juu ya mguu wa nyuma hadi wa mbele uhakikishe. Kisigino kikitangulia kwenye jiwe lililolowa, mtu anakalia mgongo wake. Fimbo inatangulia mguu, si baada yake. Kwenye vidaraja vya mbao kanyaga pale misumari ilipo, ndipo penye boriti chini yake, na hatua ziwe bapa. Penye woga, mtu ashuke kwa kukaa. Suruali inachafuka, hakuna aliyewahi kufa kwa hilo.

Aliyeteguka kifundo asivuliwe kiatu mkiwa bado njiani, kwa sababu mguu ukivimba hakitarudi. Legeza kamba, funga bendeji juu ya kiatu kwa umbo la nane, na watu wawili wapokezane kumpa bega. Vidole vikifa ganzi, legeza tena.

Maumivu makubwa ya mapaja huja siku ya pili, si siku hiyo. Ukipanda basi la Mwanza kesho yake asubuhi, utakaa na miguu iliyokunjwa ikikaza kila saa. Lala Mang'ula usiku wa pili kama bajeti inaruhusu, tembea kidogo kijijini, kisha chukua basi la kwenda Msamvu. Ndani ya basi la mbali shuka kila linaposimama, hata kama huna haja ndogo. Viatu vifungwe nje ya begi, soli ya ndani ikiwa imetolewa, vinginevyo mpaka Nzega abiria wenzako watakuwa wamekwishakufahamu.

Ukiwa bondeni usioge wala kunawa kwenye majaruba ya mpunga au mifereji iliyotulia. Kichocho tunakijua kutoka ziwani, na konokono wake hupenda maji ya namna hiyo. Usiku lala ndani ya chandarua, kwa kuwa bonde la Kilombero lina malaria. Homa ikikupata kati ya siku 7 na mwezi mmoja baada ya kurudi, usiipe jina la uchovu wa safari: nenda ukapime, na umwambie daktari wa Mwanza kwamba ulikuwa Kilombero na ulilala huko usiku ngapi.